Freddie Mercury: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara Kuhusu Kazi Yake na Unguja Alikozaliwa

Ninaishi Mji Mkongwe, na haipiti wiki sijaulizwa kuhusu Freddie Mercury. Mgeni anauliza nyumba iko wapi. Kijana wa mtaani anauliza kama kweli yule "mzungu" wa kwenye fulana ni mtoto wa hapa. Mzee wa barazani anauliza kwa nini watu wanavuka bahari kuja kupiga picha mlango wa mtu aliyeondoka zamani. Majibu yangu nimeyaweka hapa, marefu kuliko ninavyoweza kuyatoa nikiwa nimesimama njiani. Mengi yanahusu kazi yake, yaani utunzi, uimbaji na miaka ya kuhangaika, kwa sababu sisi wa hapa tunajua alikozaliwa kuliko tunavyojua alichokifanya.

## Mwanzo: jina, kwao na dini

Freddie Mercury ni nani, kwa ufupi?

Ni mwimbaji, mpiga piano na mtunzi wa bendi ya roki ya Queen ya Uingereza, tangu ilipoundwa mwaka 1970 hadi alipofariki mwaka 1991 akiwa na miaka 45. Ndiye aliyetunga "Bohemian Rhapsody", "Somebody to Love", "We Are the Champions" na "Don't Stop Me Now". Hata kama hujawahi kununua kanda ya Queen, ukitazama mpira umemsikia: ule wimbo wa mabingwa unaopigwa kombe likinyanyuliwa ni wake.

Ni kweli alizaliwa Zanzibar?

Ni kweli kabisa. Alizaliwa Mji Mkongwe tarehe 5 Septemba 1946, wakati Zanzibar ikiwa chini ya Sultani na himaya ya Waingereza. Baba yake, Bomi Bulsara, alikuwa keshia Mahakama Kuu. Mama yake ni Jer, na mdogo wake wa kike, Kashmira, alizaliwa mwaka 1952. Ilikuwa familia ya mtumishi wa serikali, yenye maisha ya kutosha, wala si ya kitajiri kama baadhi ya watu wanavyosimulia.

Jina lake halisi ni lipi, na "Mercury" limetoka wapi?

Aliitwa Farrokh Bulsara. Farrokh ni jina la Kiajemi lenye maana ya mwenye bahati, na Bulsara linatokana na mji wa Bulsar, Gujarat, ambao leo unaitwa Valsad. "Freddie" alipewa na wenzake shuleni India, na hata nyumbani wakalizoea. "Mercury" alijipa mwenyewe mnamo mwaka 1970, bendi ilipokuwa inaanza.

Alikuwa Mshirazi? Au Mhindi? Au Mwislamu?

Hapa watu huchanganya mambo matatu. Washirazi ni watu wa mwambao wetu wenye simulizi ya asili ya Uajemi, na ni Waislamu. Familia ya Bulsara walikuwa Waparsi. Mababu wa Waparsi walihama Uajemi zaidi ya miaka elfu moja iliyopita wakiwa wafuasi wa Zoroasta, wakaweka makao pwani ya magharibi ya India, na dini yao wakabaki nayo. Kutoka huko, baadhi yao wakafuata biashara na kazi za serikali hadi Unguja. Kwa hiyo wazazi wake walitoka India, lugha yao ya nyumbani ilikuwa Kigujarati, na dini yao ni ya Zoroasta. Freddie mwenyewe aliagwa kwa taratibu za dini hiyo.

Kuna uzi mmoja unaotuunganisha nao, nami hupenda kuutaja. Ukienda Makunduchi kwenye Mwaka Kogwa, unakuta ndani yake alama ya Nairuzi, mwaka mpya wa Kiajemi. Waparsi nao wana Nairuzi yao. Bahari hii imebeba mengi.

Je, alikuwa Mtanzania?

Alikuwa mzaliwa wa Zanzibar na raia wa Uingereza. Familia yake iliondoka baada ya Mapinduzi ya Januari 1964. Jina "Tanzania" lilipoanza kutumika Oktoba mwaka huohuo, wao walikuwa wameshahamia Feltham, magharibi ya London. Mimi sioni ubaya kusema "Freddie wetu", ila tuseme kwa haki: Unguja ilimzaa na kumlea utotoni, Panchgani huko India ikamfundisha piano, London ikampa bendi. Ukiondoa kimojawapo, hadithi haisimami.

Muziki alijifunzia Unguja?

Hapana, angalau si ule wa kukaa kwenye piano na mwalimu. Akiwa na miaka minane alipandishwa meli kwenda India, kwenye shule ya bweni ya St. Peter's iliyoko Panchgani, milimani si mbali sana na Bombay. Fikiria mtoto wa umri huo, safari ya bahari ya siku nyingi, na wazazi anaowaona kwa nadra. Huko mwalimu mkuu aliona kipaji chake, akawaandikia wazazi kuwashauri alipiwe masomo ya piano.

Huko pia aliunda bendi yake ya kwanza na wanafunzi wenzake, The Hectics, wakipiga nyimbo za akina Little Richard na Cliff Richard. Jambo linalowashangaza wengi ni kwamba hakuwa mwimbaji mkuu. Mwimbaji alikuwa mwingine, yeye akikaa kwenye piano. Mwaka 1963 alirudi Unguja, na mwaka uliofuata wakaondoka.

## Njia ya kufika Queen

Alipofika Uingereza alianza kuimba mara moja?

La. Alikuwa na miaka 17, mgeni wa nchi, kwenye nyumba ndogo karibu na uwanja wa ndege wa Heathrow, na aliwahi kubeba mizigo ya abiria hapo uwanjani kama kibarua. Alisoma kwanza Isleworth, kisha chuo cha sanaa cha Ealing, na mwaka 1969 akamaliza stashahada ya usanifu wa michoro. Alimhusudu Jimi Hendrix kupita kiasi, akimchora tena na tena.

Mwaka huo wa 1969 alijiunga na bendi ya Ibex ya Liverpool, kisha akapita kwenye Sour Milk Sea. Hakuna iliyodumu. Maisha aliyaendesha kwa kuuza nguo za mitumba kwenye soko la Kensington, akishirikiana kibanda na mpiga ngoma Roger Taylor. Mtu aliyekuja kuvaa manyoya na taji jukwaani alijifunza thamani ya vazi akiwa nyuma ya meza ya mitumba. Yeyote aliyewahi kuchambua nguo Darajani anaelewa jicho hilo linavyopatikana.

Queen ilianzaje?

Taylor na mpiga gitaa Brian May walikuwa na bendi iitwayo Smile. Mwimbaji wao, Tim Staffell, alisoma chuo kimoja na Freddie, na kwa njia hiyo Freddie akawa rafiki wa bendi, mtu wa kufuatana nao na kuwapa ushauri ambao hawakuuomba. Staffell alipoondoka mwaka 1970, Freddie akaingia. Jina Queen lilikuwa wazo lake, na nembo ya bendi aliichora mwenyewe kwa elimu yake ya chuo. Aliijenga kwa nyota za kuzaliwa za wanabendi: simba wawili, kaa mmoja, na vibinti wawili wa kichawi kwa ajili ya nyota yake ya Mashuke (Virgo). Mpiga besi John Deacon alikamilisha safu mwaka 1971, na wanne hao hawakubadilika hadi mwisho.

Walifanikiwa haraka?

Ingawa picha ya wengi ni kwamba sauti kama ile ilifunguliwa milango siku ya kwanza, miaka mitano ilipita. Albamu ya kwanza waliirekodi kwenye studio kubwa ya London katika saa ambazo hakuna mteja aliyelipia. Maana yake ni kwamba mara nyingi waliingia usiku wa manane, wenye pesa wakishatoka, na kupiga hadi alfajiri. Albamu hiyo ilitoka tarehe 13 Julai 1973 na haikutikisa mtu.

Mwaka 1974 "Seven Seas of Rhye" iliingia kumi bora ya Uingereza. Rhye ni nchi ya kufikirika aliyoibuni Freddie na dada yake walipokuwa wadogo. Mwaka huohuo "Killer Queen" ikafika namba mbili. Ungedhani shida zimekwisha. Lakini mkataba wao wa mwanzo ulikuwa wa kuwabana: nyimbo zinapigwa redioni, wao wanaishi kwa posho. Hasira ya jambo hilo aliimalizia kwenye wimbo "Death on Two Legs", unaofungua albamu ya 1975. Wanamuziki wetu waliowahi kuona kibao chao kikitamba huku mfukoni hamna kitu wataisikia hasira hiyo bila kuhitaji tafsiri.

## Utunzi wake

Nyimbo zipi za Queen alitunga yeye?

Queen ilikuwa na watunzi wanne, na ndiyo siri yao kubwa. "We Will Rock You" ni ya Brian May. "Radio Ga Ga" ni ya Roger Taylor. "Another One Bites the Dust" na "I Want to Break Free" ni za yule mkimya, John Deacon. Ukitaka kipimo cha Freddie, chukua mkusanyo wao wa *Greatest Hits* wa mwaka 1981: kati ya nyimbo 17 za toleo la Uingereza, 10 ni zake. Mkusanyo huo ndio albamu iliyouzwa kuliko zote katika historia ya Uingereza.

Kuanzia albamu ya *The Miracle* ya 1989 walikubaliana kila wimbo uandikwe jina la bendi nzima, hata kama mmoja ndiye aliyetoa wazo. Ugomvi wa nani alipwe zaidi ukaisha. Ni uamuzi wa watu waliokomaa, na ningependa bendi nyingi zaidi ziufuate.

"Bohemian Rhapsody" ilitengenezwaje, na kwa nini inasifiwa hivyo?

Kwa sababu inavunja kila kanuni na bado mtu anaiimba akiwa anapika. Ina urefu wa dakika 5 na sekunde 55 na haina kiitikio. Inaanza na sauti tupu zilizopangwa juu kwa juu, inaingia kwenye piano na kisa cha kijana anayemkiri mama yake jambo zito, inageuka kuwa opera, inalipuka kuwa roki, kisha inazima taratibu kama mshumaa.

Ile sehemu ya opera waliiimba watu watatu tu: Freddie, May na Taylor. Siku hizo mashine ya studio ilikuwa na njia 24 za sauti na basi. Ukitaka kwaya ya watu mia, unaimba, unarekodi, unaimba tena juu yake, kisha unazikusanya zote kwenye njia moja ili upate nafasi ya kuendelea. Walifanya hivyo kwa wiki kadhaa, saa nyingi kwa siku. Utepe ulipita kwenye mashine mara nyingi mno hata ile rangi ya kahawia inayobeba sauti ikaanza kutoka. May amesimulia kwamba ukiuinua kwenye mwanga unaona upande wa pili. Wimbo ulikuwa ukifutika huku ukizaliwa. Wakati wote huo ramani ilikuwa kichwani mwa Freddie. Alikuja na vipande vya karatasi, akawaambia wenzake "hapa inakuja opera", nao wakamwamini.

Wasambazaji walisema ni ndefu mno kwa redio. Mtangazaji Kenny Everett wa London akaipiga mara 14 katika wikiendi moja. Ilitoka tarehe 31 Oktoba 1975 na ikakaa namba moja Uingereza kwa wiki tisa. Baada ya kifo chake ikarudi namba moja tena.

Neno "Bismillah" limeingiaje humo?

Limo, kwenye sehemu ya opera, na kila Mswahili hulisikia mara ya kwanza akashtuka. Freddie alikataa maisha yake yote kufafanua maana ya wimbo huo, akitaka kila msikilizaji aupokee kwa namna yake. Ninachoweza kusema kwa uhakika ni kwamba mtoto aliyekulia Mji Mkongwe amelisikia neno hilo kila siku ya Mungu, kwa majirani na madukani.

Pia yupo "Mustapha", wimbo wake unaofungua albamu ya *Jazz* ya 1978, unaochanganya Kiarabu, Kiajemi, Kiingereza na maneno ya kubuni. Anauanza kwa mwito wa sauti ya juu, peke yake, kabla ala hazijaingia. Ukiusikiliza ukiwa Malindi ya hapa Mji Mkongwe jua likizama, unaelewa kwamba masikio yake hayakuanzia London. Lakini wimbo wa Kiswahili hakuacha.

Alikuwa anatunga haraka au polepole?

Kwa namna zote mbili. "Bohemian Rhapsody" ilikaa kichwani mwake vipande vipande kwa miaka. "Crazy Little Thing Called Love" ya 1979 ilimjia akiwa ndani ya bafu, hotelini Munich, akaimaliza kwa dakika chache. Aliitunga kwa gitaa, chombo ambacho mwenyewe alikiri hakukijua vizuri, na hapo ndipo palipo na funzo la ufundi: kujua kodi chache za gitaa (sauti kadhaa zinazopigwa kwa pamoja) kulimlazimisha aandike wimbo mwepesi, na wimbo huo ukawa namba moja Marekani.

Kwa kawaida alitungia kwenye piano. Piano yake ya Yamaha, aliyotungia nyimbo zake nyingi tangu mwaka 1975, iliuzwa kwenye mnada London Septemba 2023 kwa zaidi ya pauni milioni 1.7.

## Sauti na jukwaa

Sauti yake ilikuwa ya aina gani? Na habari za meno ni kweli?

Alipozungumza, sauti yake ilikuwa nzito ya wastani. Alipoimba alipanda juu sana, bila kupoteza uzito ule. Meno ni kweli: alikuwa na meno manne ya ziada nyuma ya mdomo, yaliyosukuma ya mbele nje. Pesa za kuyarekebisha alikuwa nazo, lakini alihofia sauti ingebadilika. Aliona aibu ya meno hayo tangu shuleni, ndiyo maana kwenye mahojiano mara nyingi anafunika mdomo kwa mkono au kwa mdomo wa juu. Akipanda jukwaani anausahau mkono.

Mara kwa mara aliumwa pia na vivimbe kwenye nyuzi za sauti, na baadhi ya maonyesho yakaahirishwa. Usidhani ile sauti ilikuja bure kila usiku.

Kwa nini alishika nusu ya stendi ya maikrofoni?

Siku za mwanzo stendi ilikatika katikati ya shoo. Akaendelea na kile kipande cha juu, akaona kinamfaa: anaweza kukimbia nacho, kukitumia kama fimbo, kama gitaa, kama rungu. Hakurudi nyuma.

Live Aid ilikuwa nini, na kwa nini dakika 21 zile zinazungumzwa hadi leo?

Lilikuwa tamasha la kuchangia waathirika wa njaa ya Ethiopia, tarehe 13 Julai 1985, London na Philadelphia kwa wakati mmoja. Ndiyo, ni miaka 12 kamili tangu siku ilipotoka albamu yao ya kwanza. Uwanja wa Wembley ulikuwa na watu kama 72,000, waliokuja kwa wasanii wengi, si kwa Queen peke yake. Hakukuwa na taa za mbwembwe, maana jua lilikuwa bado juu. Kila bendi ilipewa muda mfupi.

Wenzao wengi walikuja kama walivyo. Queen walikodi ukumbi wakafanya mazoezi kwa siku kadhaa, wakapanga nyimbo zao kama saa. Freddie anatoka mbio, fulana nyeupe isiyo na mikono, kitambaa cha ngozi chenye vifungo vya chuma kwenye mkono wa kulia. Anakaa kwenye piano ambayo juu yake kumejaa vikombe vya soda. Anaanza "Bohemian Rhapsody", na kabla opera haijafika anaikata. Inakuja "Radio Ga Ga", na uwanja mzima unanyanyua mikono na kupiga makofi mawili kwa pamoja, hadi nyuma kabisa.

Halafu anasimama peke yake na kuanza kuimbisha. Anatoa sauti, watu wanaijibu. Anaipinda, wanaipinda. Anaivuta moja ndefu hadi unaanza kumhurumia, nao wanamfuata. Nikiwaonyesha watu wa hapa kipande hicho, hawahitaji maelezo. Aliyewahi kuwa kwenye ngoma au maulidi ya homu anajua mwitaji na waitikiaji. Kilichokuwa kigeni ni idadi tu. Mwitaji mmoja, waitikiaji elfu sabini na mbili, na hakuna aliyepoteza mstari.

Aliwahi kupiga Afrika?

Zanzibar na Tanzania, hapana. Maonyesho yao ya Afrika yalikuwa Oktoba 1984 huko Sun City, katika Bophuthatswana, eneo lililotengwa na utawala wa makaburu wa Afrika Kusini. Wasanii wa dunia walikuwa wametakiwa kususia. Queen walikwenda. Sauti ya Freddie iligoma mwanzoni mwa maonyesho hayo na kadhaa yakafutwa. Waliporudi walipigwa faini na chama cha wanamuziki cha Uingereza. Walijitetea kwamba wao si wanasiasa.

Utetezi huo siukubali. Wakati huo Tanzania ilikuwa mstari wa mbele, na wakimbizi wa ANC walikuwa wanasoma Mazimbu, Morogoro. Nampenda Freddie, na bado naona lile lilikuwa kosa kubwa katika kazi yake.

Alifanya kazi nje ya Queen?

Ndiyo. Mwaka 1985 alitoa albamu yake mwenyewe, *Mr. Bad Guy*, ambayo haikufika mbali kama kazi za bendi. Ya maana zaidi kwangu ni *Barcelona* ya 1988, aliyoimba na Montserrat Caballé, malkia wa opera wa Hispania. Mtu aliyekuwa kileleni mwa roki alikwenda kujiweka mbele ya mwalimu, akitetemeka. Mara ya mwisho kutumbuiza jukwaani mbele ya umma ilikuwa naye, mjini Barcelona, Oktoba 1988. Onyesho la mwisho na Queen lilikuwa Knebworth, tarehe 9 Agosti 1986.

## Ugonjwa, kifo na baada yake

Alifariki kwa ugonjwa gani?

Nimonia iliyotokana na UKIMWI. Aligundulika kuwa na VVU mwaka 1987. Alificha kwa karibu kila mtu nje ya watu wake wa karibu, huku magazeti yakimvizia mlangoni. Tarehe 23 Novemba 1991 alitoa taarifa kwa umma. Jioni ya siku iliyofuata alifariki nyumbani kwake Kensington. Dawa mseto zilizobadilisha maisha ya wagonjwa zilianza kupatikana katikati ya miaka ya 1990. Alizikosa kwa miaka michache tu.

Kinachonigusa ni alichofanya na muda uliobaki. Hakupunguza kazi. Aliingia studio mara kwa mara, hasa Montreux, Uswisi, akiwaomba wenzake wamwandikie chochote aimbe kadiri mwili unavyoruhusu. "The Show Must Go On", iliyoandikwa zaidi na May, ina sehemu ya juu ambayo May alihofia haiwezekani tena. Freddie aliimba.

Mary Austin ni nani? Na Jim Hutton?

Mary aliishi naye kama mchumba miaka ya 1970, na "Love of My Life" inahusishwa naye. Freddie alipomwambia kuhusu mapenzi yake kwa wanaume, uchumba uliisha, urafiki ukabaki hadi kifo, na Mary ndiye aliyerithi nyumba yake. Jim Hutton alikuwa mwenzi wake tangu mwaka 1985, na alimuuguza hadi mwisho. Freddie mwenyewe hakupenda kuhojiwa kuhusu maisha haya, nami naishia hapo.

Kaburi lake liko wapi?

Hakuna. Alichomwa baada ya ibada ya dini yake, majivu akakabidhiwa Mary, naye hakuwahi kutaja alikoyaweka. Wanaotaka pa kuweka maua huenda kwenye sanamu yake iliyoko Montreux, kando ya ziwa, tangu mwaka 1996.

Kuna nyimbo zilizotoka baada ya kifo chake?

Zipo. Albamu ya *Made in Heaven* ilitoka mwaka 1995, ikiwa na "Mother Love", rekodi ya mwisho ya sauti yake. Ubeti wa mwisho hakuweza kuumaliza, akauimba May. Mwaka 2022 ikatoka "Face It Alone", iliyokuwa imelala kwenye kabati tangu miaka ya *The Miracle*.

## Zanzibar leo, na maswali ya pembeni

Nyumba yake ni ipi?

Ile ya Shangani, barabara ya Kenyatta, yenye picha zake mlangoni. Tangu Novemba 2019 ni makumbusho. Mkahawa wa ufukweni wenye jina lake umetumia jina tu, haikuwa nyumba yao.

Kwa nini hapa kwetu hakuna sherehe yake kubwa?

Mwaka 2006, alipokuwa angetimiza miaka 60, sherehe ilipangwa ufukweni. Kikundi cha Kiislamu cha Uamsho kilipinga kwa sababu ya maisha yake ya mapenzi, na ikafutwa. Watu wa Unguja wanatofautiana katika hili hadi leo, na wapo wanaomkumbuka kwa maisha yake na wapo wanaomkumbuka kwa nyimbo. Mimi ni wa nyimbo, na sitaki kumlazimisha jirani yangu.

Filamu ya 2018 ya maisha yake, *Bohemian Rhapsody*, ni ya kuaminika?

Uigizaji wa Rami Malek ulipata Oscar na aliustahili. Historia imepindwa. Filamu inaonyesha Freddie akijua ugonjwa wake kabla ya Live Aid, wakati aligundulika karibu miaka miwili baadaye. Inaonyesha pia bendi ikiwa imevunjika kabla ya tamasha, wakati walikuwa wametoka kwenye ziara ya dunia miezi michache nyuma.

Sijawahi kusikiliza roki. Nianzie wapi?

Usianzie kwenye magitaa makali. Kama umekulia kwenye taarab au kwaya, anza na "Somebody to Love" ya 1976. Freddie aliitunga akimfikiria Aretha Franklin. Ni maombi ya mtu aliyechoka, na kwaya inayomjibu ni wao watatu tena, kwa ufundi ule niliouelezea kwenye swali la "Bohemian Rhapsody". Kisha nenda "Killer Queen", usikilize jinsi kila ubeti unavyopambwa tofauti. Baada ya hapo "Mustapha", kwa sababu nilizokwisha kuzitaja.

Halafu tafuta picha za Rio de Janeiro, Januari 1985, wanapopiga "Love of My Life". May amekaa na gitaa la nyuzi kumi na mbili. Freddie anaimba mstari wa kwanza, na umati wa Wabrazili, ambao Kiingereza si lugha yao, unauchukua wimbo wote mikononi mwake. Yeye anaacha kuimba. Anashusha maikrofoni, ananyanyua mkono mmoja, na kuwaongoza polepole kwa vidole.